Piramidi, Sahani na Pia: Picha ya Mwongozo wa Lishe Inasema Nini Hasa?

Mimi ni mchoraji, ila si wa picha za kutundika sebuleni. Nachora mabango ya vituo vya afya, vipeperushi vya chanjo, na ile michoro ya kunawa mikono inayobandikwa juu ya sinki mpaka rangi inapauka. Katika kazi hizo hakuna kitu nilichokichora mara nyingi kuliko chakula: mafungu ya mboga, mikate, samaki, maharagwe, bilauri za maziwa. Karoti naweza kuichora nimefumba macho.

Kazi hiyo imeniambukiza ugonjwa mdogo wa kukusanya michoro ya miongozo ya lishe ya mataifa. Zaidi ya nchi 100 duniani zina mwongozo wa kitaifa unaowaambia wananchi wale nini, na nyingi zimeuweka kwenye picha. Mijadala ya lishe inayonifikia karibu yote ni ya maneno: wanga una ubaya gani, mayai mangapi kwa wiki, maziwa ni lazima au si lazima. Lakini wanaobishana wengi hawajawahi kuusoma waraka wenyewe. Walichokiona ni picha ukutani. Na picha ina kauli zake ambazo mwandishi wa waraka hakuziandika wala hakuzikusudia. Hilo ndilo linalonikera, ndilo linalonifurahisha pia, na ndilo ninalotaka kulizungumzia leo.

Kwanza yale ambayo nchi zinakubaliana, maana ni mengi kuliko watu wanavyodhani. Mwaka 1995 Shirika la Chakula na Kilimo la Umoja wa Mataifa, FAO, pamoja na Shirika la Afya Duniani, WHO, waliwaita wataalamu Nicosia, Kupro, wakakubaliana kwamba miongozo izungumze kwa lugha ya vyakula, si ya virutubisho peke yake. Hakuna mtu anayekwenda sokoni kununua miligramu. Tangu hapo nchi nyingi zimeandika miongozo, na ukiiweka mezani utaona inaimba wimbo mmoja: mboga na matunda kwa wingi (WHO inataka angalau gramu 400 kwa siku), jamii ya kunde, nafaka zisizokobolewa, mafuta ya mimea badala ya yale yanayoganda, chumvi chini ya gramu 5 kwa siku kwa mtu mzima, yaani kama kijiko kimoja cha chai kwa kila kitu alichokula kutwa nzima, na sukari inayoongezwa, pamoja na ile ya asali na juisi, isizidi asilimia 10 ya nishati ya siku. Kuna ugomvi kuhusu maziwa, nyama na mafuta, lakini ugomvi huo uko pembeni ya makubaliano makubwa.

Kwa nini basi michoro haifanani hata kidogo? Kwa sababu kila umbo linajibu swali lake. Kuna umbo linalosema kula kiasi gani. Lingine linasema kula mara ngapi. Lingine linasema ukitaka kupakua chakula, anza na kipi. Umbo linalojibu yote sijaliona bado, na kila mteja aliyewahi kunipa kazi ya namna hii aliamini lake litayajibu.

Tuanze na piramidi, maana ndiyo mashuhuri na ndiyo yenye visa.

Wengi wanaamini ilizaliwa Marekani. Ilizaliwa Uswidi, mwaka 1974, kwenye jiko la majaribio la umoja wa vyama vya ushirika uitwao Kooperativa Förbundet. Bei za vyakula zilikuwa zimepanda, na mamlaka ya afya ya nchi hiyo ilikuwa imekuja na wazo la kugawa vyakula mara mbili: vya msingi, ambavyo ni rahisi kununua na vinalisha vizuri, na vya nyongeza, vinavyoziba mapengo. Mkuu wa jiko hilo, Anna-Britt Agnsäter, alitafuta umbo litakaloonyesha wazi kwamba makundi hayo hayalingani kwa wingi. Duara lililogawanywa vipande halikumridhisha. Akaja na pembetatu: chini maziwa, mkate, nafaka na viazi, katikati mboga na matunda, juu nyama, samaki na mayai.

Hapo naomba tutue kidogo. Kitako cha piramidi ile ya kwanza kilikuwa na maana mbili kwa pamoja: hiki ndicho cha kula kwa wingi, na hiki ndicho mfuko wako unakimudu. Ilikuwa picha ya afya na ya bajeti. Umbo liliposafiri kwenda nchi nyingine, ile ya bajeti ikaachwa njiani. Pembetatu ikabaki, sababu yake ikapotea, na nadhani nusu ya lawama ambazo piramidi imezibeba baadaye zinatokana na hapo.

Marekani ilikuwa nayo yake tayari kuchapishwa mwaka 1991. Anayeitoa kule ni Wizara ya Kilimo, yaani ofisi ileile yenye jukumu la kuwasaidia wakulima wauze ndiyo inayomshauri mlaji apunguze nini. Wazalishaji wa nyama na maziwa walilalamika, uchapishaji ukasimamishwa, zikatafutwa fedha za utafiti zaidi wa kulinganisha maumbo. Katika utafiti huo piramidi ilishindanishwa na bakuli. Piramidi ikashinda, na Aprili 1992 ikatoka rasmi.

Kitakoni iliandikwa vipimo 6 hadi 11 vya mkate, nafaka, wali na tambi. Kumi na moja! Namba hiyo imetukanwa kwa miaka mingi, ila wanaoitukana husahau kuuliza kipimo kimoja ni nini. Kilikuwa kipande kimoja cha mkate, au nusu kikombe cha wali uliokwisha kupikwa. Nusu kikombe ni upawa mdogo tu. Hata hivyo mtu aliyetazama bango hakuona nusu kikombe, aliona sakafu nzima imejaa mikate. Na kwenye sakafu ile mkate mweupe na mkate wa ngano isiyokobolewa walikaa pamoja bila kutofautishwa, ingawa kwa mwili wako tofauti hiyo ni kubwa. Hayo mawili, kipimo na aina, ndiyo yaliyoidhoofisha piramidi ya 1992. Kiasi cha nafaka chenyewe ni tatizo dogo kuliko hayo.

Lakini mimi nina shtaka langu la kichorachora. Kilele. Mahali pote ambapo binadamu amechora kitu chenye ngazi, aliye juu ndiye mshindi. Juu pa piramidi ya lishe wamewekwa mafuta na sukari, eti kwa kuwa nafasi ni ndogo. Niliwahi kupeleka rasimu ya piramidi kwenye foleni ya kituo cha afya ili nijaribu kama inasomeka. Mzee mmoja aliitazama kwa makini, akagonga kilele kwa kidole, akaniambia: "Mwanangu, hiki cha juu kabisa ndicho bora kuliko vyote, lakini si kila mtu anakipata. Si ndiyo?" Na ukimsikiliza vizuri, alikuwa ameisoma picha kwa usahihi kabisa. Aliyekosea ni umbo.

Mwaka 2005 Marekani ikaigeuza piramidi yake kuwa milia ya rangi ya wima, na pembeni mtu anapanda ngazi. Vyakula vikaondolewa ndani ya mchoro. Milia mitupu! Naweza kukisia mazungumzo ya kikao kilichozaa kitu cha namna hiyo, maana nimekaa kwenye vikao vya jinsi hiyo: kila mtu mezani ana jambo asilotaka lionekane dogo, mwisho inapitishwa picha ambayo haionyeshi chochote na haimuudhi yeyote. Mwaka 2011 ikaondolewa, ikaja sahani.

Kisha Januari 2026 piramidi ikarudi Marekani ikiwa imesimama kichwa chini. Upande mpana uko juu, umejaa nyama, maziwa, mafuta, mboga na matunda, na nafaka zisizokobolewa zimebanwa kwenye ncha ya chini. Ugomvi wa maudhui nawaachia wenye fani yao. Mimi nawaomba mtazame jambo moja tu. Maandishi ya mwongozo huo bado yanataka mafuta yanayoganda, ya aina ya siagi na shahamu, yasizidi asilimia 10 ya nishati ya siku. Kikomo hicho ni kilekile cha zamani. Sasa tazama picha: kipande kikubwa cha nyama nyekundu na jibini viko kwenye sehemu pana kuliko zote. Anayesoma maandishi na anayetazama picha hawatatoka na mlo mmoja. Na tunajua ni wangapi wanaosoma maandishi.

Hata hivyo kugeuza juu chini kumetatua lile tatizo la mzee wangu, hilo nalikubali. Kilicho juu sasa ndicho kingi.

Sahani. Sahani naipenda kuichora kwa sababu haihitaji hesabu. Nusu mboga na matunda, robo nafaka au viazi, robo protini, basi. Huhitaji kujua gramu, huhitaji kukumbuka ulichokula asubuhi. Ofisa lishe mmoja niliyefanya naye kazi alikuwa akisema kwamba faida ya sahani ni kuwa mgonjwa anaweza kuielezea kwa mkono akifika nyumbani, bila karatasi. Nimejaribu, ni kweli. Chora duara hewani, likate katikati, kata nusu moja tena. Jaribu kuielezea piramidi hivyo.

Tatizo la sahani ni kwamba inaamini kila mtu ana ya kwake. Katika majaribio ya mchoro mmoja, mama aliyekuwa amempakata mtoto aliniuliza bila kejeli yoyote, "Dada, kwetu tunakula chombo kimoja watu sita. Nusu yangu iko wapi?" Sikuwa na jibu la kuchora. Familia zinazokula pamoja kwenye chombo kimoja ziko kila bara. Kuna pia vyakula vya kuchanganya, ambapo nafaka, kunde na mboga zimepikwa sufuria moja: hivyo utavigawa robo na nusu kwa kisu gani? Mwongozo wa Uingereza wa 2016 unajaribu kujibu kwa kusema uwiano wa sahani yake si lazima utimie kila mlo, unaweza kutimia kwa siku nzima au hata kwa wiki. Jibu zuri sana, ila limo kwenye maelezo. Kwenye picha kuna duara moja, na macho yanaona mlo mmoja.

Uingereza hiyohiyo ilifanya jambo dogo mwaka 2016 ambalo nalihusudu. Kabla yake, kwenye sahani yao ya 2007, vyakula vyenye mafuta na sukari nyingi vilikuwa na kipande chao ndani ya duara, chembamba, cha rangi ya zambarau. Toleo jipya likavitoa: biskuti, chokoleti na wenzao wakawekwa nje, pembeni, na maelezo kwamba viliwe mara chache na kidogo. Australia nayo ina sehemu ya nje ya namna hiyo. Kwa asiyechora hilo ni badiliko la mapambo. Kwa anayechora, kilicho ndani ya duara kimeruhusiwa hata kikiwa chembamba, na kilicho nje hakijaruhusiwa hata ukikichora vizuri namna gani. Hakuna sentensi iliyobadilika sana, ila hukumu imebadilika.

Sasa twende Japani, maana mchoro wao ndio ninaoutazama nikichoka.

Mwaka 2005 Japani ilichagua pia, ile ya watoto ya kuzungusha kwa kamba. Pia yenyewe imegawanywa kwa mitabaka: juu, palipo papana, nafaka, vipimo 5 hadi 7, chini yake mboga, 5 hadi 6, kisha samaki, nyama, mayai na soya, 3 hadi 5, halafu maziwa 2 na matunda 2. Katikati inapita fimbo, nayo ni maji na chai. Juu kabisa kuna mtu anakimbia, maana pia isipozunguka inaanguka, na kinachoizungusha ni mwili kufanya kazi. Ukiacha tabaka moja, pia inaelemea upande.

Mpaka hapo ni werevu wa kawaida wa wachoraji. Kinachonifanya nivue kofia ni kamba. Kamba ya kuizungushia pia ni vitafunwa, peremende na vinywaji vya starehe, na pembeni imeandikwa kwamba vifurahiwe kwa kiasi. Hawakuviweka ndani ya pia kama chakula, wala hawakuvitupa nje. Walikiri kwamba raha ya kula ina kazi fulani katika maisha ya mtu, ila haimo kwenye mwili wa pia. Sijaona nchi nyingine iliyolisema hilo kwa picha.

Na bado, kusema kweli, kila niliyemwonyesha pia hiyo bila maelezo hakuiona kamba kuwa ni chakula. Waliona kamba. Isitoshe, pia hiyo inahesabu vyakula vilivyokwisha kupikwa na kupakuliwa, si malighafi, jambo ambalo ni zuri kwa anayekula mgahawani, lakini lazima ufundishwe kuhesabu. Uzuri wa mchoro haukuhakikishii kwamba utasomwa.

China iko upande wa pili kabisa. Wao wana pagoda, yaani hekalu la mnara, ya ghorofa tano tangu 1997, na hawaoni haya kuandika namba. Toleo la 2022 linataja nafaka gramu 200 hadi 300, mboga gramu 300 hadi 500, matunda gramu 200 hadi 350, mafuta gramu 25 hadi 30, maji mililita 1,500 hadi 1,700, hatua 6,000 za kutembea. Chumvi, ambayo mwaka 2016 ilitajwa kuwa chini ya gramu 6, sasa iko chini ya gramu 5. Pagoda ni piramidi iliyovaa paa, kwa hiyo ina ugonjwa uleule wa kilele, lakini angalau hakuna atakayebishana kuhusu kipimo ni nini. Korea Kusini wana baiskeli: gurudumu la nyuma ni makundi ya chakula, la mbele lina bilauri ya maji.

Mingine naipitia mbio. Antigua na Barbuda wana nanasi. Saint Vincent na Grenadines wana shelisheli. Guatemala wana chungu. Bahamas wana ngoma. Venezuela nao wana pia ya kuzungusha, na Qatar wana kombe la baharini. Wataalamu wengine hucheka maumbo haya wakisema ni urembo tu. Mimi sicheki. Chungu kina faida moja ambayo sahani haina: kinakubali kwamba chakula hupikwa pamoja kabla ya kuliwa pamoja. Nanasi, hilo hata mimi sijui nilitetee vipi, ila wanafunzi hawalisahau.

Na Kanada walikuwa na upinde wa mvua. Kuanzia 1992 matao manne ya rangi, la nje na refu zaidi mwanzoni likiwa la nafaka. Mwaka 2019 wakaupiga chini na kuweka sahani, na ndani ya badiliko hilo kulikuwa na mambo mawili makubwa kuliko umbo. Maziwa yalipoteza kundi lake, yakaingizwa kwenye protini pamoja na kunde, karanga, samaki na nyama, na bilauri iliyo pembeni ya sahani ikawa ya maji. Jambo la pili halionekani kabisa kwenye picha: maofisa wa wizara ya afya walioandaa mwongozo waliamua kutokutana na wawakilishi wa viwanda vya chakula wakati wa kuuandika, na hawakutumia ripoti zilizogharamiwa na viwanda. Kila ninapoonyeshwa mwongozo mpya siku hizi, hilo ndilo swali ninalouliza kabla ya kutazama rangi. Nani alikuwa chumbani?

Nimeiacha Brazili mwisho kwa sababu yenyewe haina umbo.

Mwongozo wa Brazili wa 2014 uliandaliwa na Wizara ya Afya pamoja na watafiti wa Chuo Kikuu cha São Paulo, na hauna piramidi, hauna sahani, hauna chochote cha kunipa mimi kazi. Haugawi vyakula kwa wanga, protini na vitamini. Unavigawa kwa kile kilichofanyiwa kabla hakijakufikia. Kuna vyakula vya asili au vilivyoguswa kidogo tu, kama vile kukaushwa, kusagwa au kupoozwa. Kuna viungo vya kupikia: mafuta, chumvi, sukari. Kuna vilivyosindikwa, kama mboga za kopo zilizowekwa chumvi au jibini. Na kuna vilivyosindikwa kupita kiasi, ambavyo vimeundwa kiwandani kwa vitu ambavyo jikoni kwako havimo: ladha za kutengeneza, rangi, vitu vya kugandisha na kulainisha. Kanuni kuu yake ni kwamba daima upendelee vyakula vya asili na mlo uliopikwa upya kuliko hivyo vya kundi la mwisho. Mtu yeyote anaweza kuitumia akiwa amesimama mbele ya rafu, bila kuchukua kalamu.

Picha zipo, lakini ni za kupiga kwa kamera. Ni milo halisi: kifungua kinywa, chakula cha mchana, cha jioni, vitu vya kula katikati. Hawakuitunga. Waliitoa kwenye takwimu za kitaifa za matumizi ya kaya za 2008 na 2009, wakachagua milo ya Wabrazili ambao tayari walikuwa wanakula zaidi vyakula vya asili. Fikiria ujasiri wa jambo hilo. Badala ya serikali kumwambia mwananchi ale kama mtu ambaye hajawahi kuwepo, imemwonyesha jirani yake. Wali, maharagwe, mboga, kipande cha kuku. Mtu akitazama anasema, hiki nakijua.

Kisha kuna sura nzima kuhusu kula kwenyewe: kwa saa zinazoeleweka, kwa utulivu, mahali panapofaa, na ikiwezekana pamoja na watu. Na kuna sura nyingine ambayo naiona kuwa bora kuliko zote, kwa sababu inakiri vikwazo. Taarifa za kupotosha, upatikanaji, gharama, ujuzi wa kupika unaopotea, muda, matangazo ya biashara. Inavitaja kimoja kimoja, na haimtupii mlaji mzigo wote. Inazungumza wazi kuhusu kugawana kazi za jikoni nyumbani, maana ukimwambia mtu apike bila kuuliza ni nani hasa atakayepika, umempangia mtu mwingine kazi.

Lawama zipo. Mpaka kati ya kilichosindikwa na kilichosindikwa kupita kiasi una vichaka vyake, na baadhi ya wataalamu wanaona kwamba mkate wa kiwandani wa ngano nzima na soda havistahili kuketi kwenye kundi moja. Nadhani wana hoja. Lakini mwongozo huo umefanya jambo ambalo michoro yangu yote haijawahi kufanya: umeuliza chakula kimetoka wapi, si tu kimejaa nini.

Kwa hiyo ninapopewa kazi ya mwongozo siku hizi, natuma maswali kabla ya bei. Mnataka kujibu wingi, aina, au mazoea? Kipimo chenu ni ngumi, kikombe, gramu au kijiko, na je, mtu atakionaje kwenye picha? Mafuta na chumvi vinakaa wapi, maana karibu kila sahani inavisahau, na ni vigumu kuchora kitu ambacho kimeshayeyuka ndani ya chakula? Vitu vya kupunguza viko ndani au nje ya mstari? Nani analipia uchapishaji? Swali la mwisho huchelewa kujibiwa.

Nawe ukikutana na mchoro wa namna hiyo, wa nchi yoyote, usianze na rangi. Tafuta mwaka wake kwanza; nimekuta piramidi ya 1992 ikiwa bado imebandikwa mahali ambapo watoto wanafundishwa, miaka mingi baada ya wenyewe kuiacha. Kisha tafuta kipimo. Kisha uone kilichoachwa nje. Na ukiweza, fungua waraka usome kurasa chache za mwanzo, maana mara nyingi maneno ni mapole na yenye akili kuliko picha iliyoyabeba.

Kwenye meza yangu sasa kuna kazi ya shirika moja ambalo limeniomba umbo "jipya, la kuvutia, lenye kila kitu": makundi yote ya chakula, maji, mazoezi, usafi wa mikono, na kikapu cha kununulia. Nimewapelekea pendekezo lisilo na umbo. Ni picha za milo ya kawaida, iliyopigwa kutoka juu kwenye vyombo vya watu wenyewe, mingine sahani moja moja, mingine chombo kimoja chenye mikono mingi, na chini ya kila picha mstari mmoja wa maneno. Wamenijibu wakiuliza nembo itakaa wapi, na kama siwezi kuizungushia duara. Nimesema siwezi. Bado tunabishana.